Shajara ya Mradi: Muziki wa Filamu ya Makala kuhusu Dagaa, kutoka Igombe hadi Kirumba

12 Julai 2025

Mwongozaji amenikabidhi, mimi mtunzi wa muziki, mkato wa kwanza wa filamu. Ni filamu ya makala inayofuata safari ya dagaa kuanzia taa za wavuvi usiku, kupitia vichanja vya kukaushia katika mwalo wa Igombe, yaani ufukwe ambako mitumbwi hushusha samaki, hadi magunia yanayopakiwa katika soko la Mwaloni, Kirumba, hapa Mwanza, ambako wanunuzi kutoka nchi jirani huja kufunga mizigo yao. Mkato huu unakaribia saa nzima, nasi tumekubaliana kwamba utapunguzwa hadi dakika 52, urefu unaopendwa na vituo vingi vya televisheni kwa kuwa unaacha nafasi ya matangazo ndani ya saa moja. Wahusika wakuu ni akina mama wanaonunua dagaa wabichi mtumbwini, kuwaanika na kuwauza, pamoja na mzee mmoja aliyevua tangu ujana wake na ambaye sasa hushona nyavu ufukweni.

Nimeitazama filamu yote kwanza bila muziki wowote, kisha nikaitazama tena pamoja na muziki wa kuazima ambao mhariri ameuweka ili mikato yake iwe na mwendo. Desturi hiyo ya chumba cha uhariri ina faida yake, kwa maana mhariri hawezi kupima urefu wa tukio akiwa katika ukimya mtupu. Lakini ina hatari pia, kwa sababu mwongozaji huuzoea muziki ule wiki baada ya wiki, na mtunzi anapofika hukuta kiti chake kimekaliwa. Katika mkato huu, kila mama anapoonekana ameinama juu ya kichanja, inaingia piano ya polepole na violini ndefu za huzuni. Mtazamaji anaambiwa amwonee huruma mtu ambaye bado hajafungua kinywa.

Ninaandika jambo hili siku ya kwanza kwa sababu ndilo litakaloongoza kazi yote. Mwigizaji katika filamu ya kubuni ameusoma mswada, ameikubali nafasi yake, na muziki ukimfanya aonekane mnyonge au shujaa, hilo linabaki ndani ya hadithi. Mama wa Igombe si mwigizaji. Filamu ikishaonyeshwa, yeye ataendelea kuishi pale pale, akiuza kwa wateja wale wale na kukopeshana na majirani wale wale, na namna muziki ulivyomtafsiri itamfuata mpaka kwake. Kwa hiyo ninajiona ninawajibika kwake kabla ya kuwajibika kwa mtazamaji.

Mwezi ulikuwa mpevu juzi, na wavuvi wa dagaa wako nchi kavu, kwa kuwa taa haina nguvu ya kuwavuta dagaa wakati mbalamwezi inaangaza ziwa zima. Nimepanga kwenda ziwani giza litakaporudi.

18 Julai

Siku ya vifaa. Nimekagua rekoda, nimeiweka katika sampuli 48,000 kwa sekunde ili ilingane na kamera, na nimenunua kifuniko kipya cha manyoya cha kuzuia upepo. Juu ya maji upepo ndio adui wa kwanza wa maikrofoni: mchana huvuma kutoka ziwani kwenda nchi kavu, na usiku hugeuka ukatoka nchi kavu kwenda ziwani.

26 Julai

Nimerudi kutoka ziwani alfajiri na ninaandika kabla ya kulala, ili niyaandike niliyoyasikia yakiwa bado mabichi.

Tuliondoka Igombe jua likizama. Injini ya mtumbwi ilizimwa tulipofika, na tangu hapo mpaka wakati wa kuvuta wavu hapakuwa na sauti kubwa kuliko maji yaliyokuwa yakipiga ubavu wa mbao. Taa za betri ziliwekwa juu ya vielea vyao zikaachwa mbali nasi, zikiwaka bila mlio wowote. Nilitarajia kwamba usiku wa uvuvi una kelele, na filamu nyingi hutufundisha hivyo, lakini sehemu kubwa ya kazi hii ni kungoja. Wavuvi walizungumza kwa sauti ya chini, mmoja akalala, mwingine akawa anatazama simu yake iliyokuwa imepunguzwa mwanga.

Kisha wakavuta. Hapakuwa na wimbo wa kuvutia wavu, jambo ambalo mwongozaji alikuwa amelitegemea na hata kuliachia nafasi katika mkato. Kulikuwa na hesabu fupi ya kiongozi, pumzi za pamoja, kamba ikisuguana na mbao, halafu dagaa wenyewe wakimwagika ndani ya mtumbwi kwa mlio kama mvua nyembamba juu ya makuti. Nimeinasa sauti hiyo kwa karibu na kwa mbali. Ninaamini kwamba ndiyo ngoma ya filamu hii, na sioni sababu ya kuwatungia watu wimbo wa kazi ambao hawauimbi kisha tuuweke juu ya picha zao kana kwamba ni wao.

Nimemweleza mwongozaji hivyo kwa simu asubuhi hii. Amenyamaza kidogo, halafu ameomba nimpelekee sauti hizo azisikie kabla ya kuamua.

3 Agosti

Mzee wa nyavu anahifadhi karabai mbili za zamani nyumbani kwake. Katika filamu anasimulia usiku wa enzi zile, kabla ya taa za betri na za umeme wa jua kuenea katika mialo yetu, na jambo analolikumbuka zaidi ni mlio wa karabai. Mafuta ya taa husukumwa na shinikizo la hewa, yakatoka kama mvuke kupitia tundu dogo na kuwaka juu ya utambi, na mvuke huo ndio unaotoa ule mfoko usiokoma. Shinikizo linapopungua, mfoko unashuka. Mvuvi anapiga pampu, mfoko unapanda tena. Mitumbwi mingi ilipokuwa pamoja, anasema, ziwa lilikuwa likivuma usiku kucha.

Nilimwomba anisaidie kuwasha moja. Aliisafisha kwa uangalifu mkubwa, akaipigia pampu, nami nikanasa sauti yake chumbani madirisha yakiwa yamefungwa, kuanzia inapopata nguvu hadi inapozimika yenyewe. Nilipoisikiliza nikiwa peke yangu, nikatambua kwamba karabai ina pumzi, tena ndefu kuliko ya mwimbaji yeyote.

Hapa ndipo kazi ya mtunzi wa filamu inapotofautiana na ile niliyoanza nayo. Nilianza nikiwa mwalimu wa kwaya parokiani, nikiandika kwa sol-fa sauti nne, yaani soprano, alto, tenor na besi, na hadi leo kwa watu wengi hapa Mwanza mtunzi ni mtu anayeitungia kwaya nyimbo za misa. Shule hiyo ni nzuri. Kwaya hukufundisha kwamba mwanadamu anahitaji mahali pa kuvuta pumzi, kwamba neno likifunikwa na nota wimbo umepotea, na kwamba besi akiwa imara wengine hawaogopi. Baada ya kwaya nilitunga matangazo ya redio, ambako nilijifunza kusema jambo moja ndani ya sekunde 30, kisha muziki wa video fupi za asasi za afya na kilimo, na hatimaye filamu za makala. Wapo wenzangu waliopitia Taasisi ya Sanaa na Utamaduni Bagamoyo, iliyoanza mwaka 1981 ikiwa Chuo cha Sanaa, na ninaona faida waliyoipata katika ngoma na jukwaa. Hata hivyo, nimeshawahi kuwaambia vijana wanaonifuata kwamba mwalimu wa kwaya anayetaka kuingia kwenye filamu hana sababu ya kujihesabu kuwa nyuma. Kitu kigeni kwake ni kimoja tu, kukubali kwamba mfoko wa karabai unaweza kuwa sauti ya tano.

Nimeuchuja mfoko huo kwa kompyuta hadi ukabaki mkanda mwembamba wa sauti wenye kimo kinachotambulika, na nimeuacha ushuke taratibu kadiri shinikizo lilivyoshuka. Utasikika mzee anapoacha kusema na kutazama maji. Hautasikika akiwa anazungumza, kwa maana sauti ya mfoko hutapakaa kila kimo na ingemeza konsonanti zake.

11 Agosti

Leo tumefanya kikao cha kuweka alama, yaani kuipitia filamu tukio kwa tukio na kukubaliana muziki unaanzia wapi, unaishia wapi na unafanya kazi gani. Kwangu mimi hiki ndicho kikao kikubwa kuliko vyote, kikubwa hata kuliko kurekodi, kwa sababu hapa ndipo ukimya unapogawiwa.

Tulibishana zaidi kuhusu tukio la daftari. Mama mmoja ameketi mlangoni jioni, anahesabu alivyonunua, alivyopoteza kwa mvua na alivyouza, kisha anasema kwa utulivu kwamba faida ya misimu iliyopita imemwezesha kununua sehemu ya umiliki wa mtumbwi. Chini ya maneno hayo mhariri ameweka piano ile ile ya huzuni. Niliandaa matoleo mawili ya tukio hilo mapema, picha ikiwa ile ile bila kuguswa: moja lenye piano, na jingine lisilo na muziki wowote mpaka anapolifunga daftari, ndipo ala ya ndono inapoingia. Katika lile la kwanza yule mama anaonekana mtu anayehangaika kuhesabu umaskini wake. Katika la pili ni mfanyabiashara anayefunga hesabu za siku. Maneno yake hayajabadilika hata moja.

Mwongozaji aliomba kuyaona yote mawili tena, kisha akakubali toleo la pili. Ninamheshimu kwa hilo, kwa kuwa alikuwa ameishi na ile piano tangu alipoanza uhariri. Naye alishikilia upande wake katika tukio la mvua ya masika, pale dagaa walioanikwa wanaponyeshewa na baadaye kuuzwa kwa bei ya chakula cha kuku. Hoja yake ni kwamba hasara hiyo ni ya kweli na mtazamaji hapaswi kuipita haraka. Ni hoja nzito. Tumekubaliana kwamba mvua yenyewe na maturubai yanayovutwa mbio yabebe tukio lote, na muziki uje baada ya mvua kukatika, wakati akina mama wanachambua kinachofaa na kisichofaa. Huo utakuwa muziki wa kazi iliyoongezeka, wenye mdundo wa mikono yao.

Nieleze kuhusu ndono, kwa kuwa mwongozaji aliniuliza sababu ya kuichagua. Ni upinde wenye uzi mmoja na kibuyu, unaopigwa kwa kijiti, na hujulikana kwa Wasukuma na Wanyamwezi. Sauti yake ni ndogo. Mpigaji hukisogeza kibuyu karibu na kifua na kukiachanisha nacho, na sauti za juu zilizojificha ndani ya uzi hujitokeza moja baada ya nyingine. Uelewekaji wa usemi wa binadamu hutegemea zaidi masafa ya kati ya mitetemo 1,000 na 4,000 kwa sekunde (Hz), na violini zinazokaa humo hushindana na msemaji. Ndono inaacha mlango wazi. Chini yake nitaweka ngoma moja nzito, juu yake njuga kidogo, na katikati nitapaacha pawe pa sauti za watu.

19 Agosti

Nimekwenda Bujora, Kisesa, kusikiliza ngoma na kuzitazama zile za kitemi zilizohifadhiwa katika makumbusho ya Wasukuma. Kituo hicho kilijengwa kuanzia miaka ya 1950 kwa juhudi za Padre David Clement, mmisionari kutoka Kanada, ambaye pia aliingiza ngoma na nyimbo za Kisukuma katika ibada. Kwa mtu aliyekulia kwenye kwaya kama mimi, Bujora ni mahali ambapo maswali yetu ya leo yaliulizwa mapema: unawezaje kuutoa muziki mahali pake pa kwanza, ukaupa kazi nyingine, na bado ukaheshimu waliouanzisha?

Safari hii ilitokana na ombi la mtayarishaji, anayetaka filamu ifunguliwe kwa Bugobogobo ili mtazamaji ajue mara moja kwamba yuko Mwanza. Ninaipenda sana Bugobogobo. Naijua ngoma hiyo tangu utoto, majembe yakirushwa na kudakwa, wacheza wakiinama na kuinuka pamoja, na ushindani wa Bagika na Bagalu, vyama viwili vya wacheza ngoma wa Kisukuma, unaowafanya watu watembee mbali ili wakaone. Lakini ni ngoma ya jembe. Ilizaliwa shambani, katika vikundi vya kulima pamoja, na mtu yeyote wa hapa akiisikia juu ya picha ya mtumbwi atajiuliza shamba liko wapi.

Zaidi ya hapo, mwalo si wa kabila moja. Pale Igombe nimezungumza na Wakerewe, Wajita, Waluo, Wahaya na Wasukuma katika asubuhi moja, wote kwa Kiswahili, na muziki unaosikika mchana kutwa ni nyimbo za kwaya na bongo fleva kutoka kwenye simu na spika ndogo. Kuifunika sura hiyo kwa ngoma ya kabila moja, hata likiwa kabila langu na hata likiwa kubwa kuliko yote katika mkoa, ni kusema jambo lisilo kweli kuhusu watu wa mwalo. Nimemwandikia mtayarishaji barua ndefu nikimweleza hivyo, nikapendekeza filamu ifunguliwe kwa sauti nilizozinasa usiku wa 25 Julai: maji ubavuni, hesabu ya kiongozi, kamba, dagaa.

28 Agosti

Mtayarishaji amekubali. Picha nayo imefungwa leo katika dakika 52 kamili, na mhariri ameahidi kutohamisha hata fremu moja, yaani picha moja kati ya zile zinazopita kila sekunde. Sasa naweza kutunga kwa saa.

Kamera ilirekodi fremu 25 kwa sekunde, uamuzi ulio sahihi katika nchi yenye umeme wa mizunguko 50, kwa kuwa taa za ndani hazipepesi katika picha. Kwa mtunzi maana yake ni hesabu. Mwendo wa mapigo 75 kwa dakika humpa kila pigo fremu 20 kamili, na mwendo wa 100 humpa fremu 15, hivyo pigo linaweza kuangukia mkato kwa usahihi. Mwendo wa 80 humpa fremu 18 na robo tatu, na mapigo mengi huangukia katikati ya fremu. Sikio la kawaida halitambui tofauti hiyo, lakini tukio refu lenye mikato mingi hulegea bila mtazamaji kujua sababu. Vilevile nimewakumbusha wote kwamba filamu ibaki 25 mpaka mwisho, maana filamu ya fremu 24 ikichezwa kwa kasi ya 25 bila marekebisho, muziki hupanda karibu asilimia 70 ya nusu-toni na sauti za akina mama zingebadilika pamoja nao.

Tukio la kuchambua dagaa baada ya mvua halitafuata hesabu hiyo. Mikono yao ina mwendo wake, inakwenda haraka kisha inatulia mtu anaposimulia jambo, na nimeamua kuufuata. Nimeweka alama kila mkono unapotupa, nikachora ramani ya mwendo kutokana na alama hizo, na ngoma itaifuata ramani. Ni kazi ya siku nyingi kwa muziki usiofika dakika mbili, na ningeifanya tena.

Nota zote sasa ninaziandika katika MuseScore, programu ya kompyuta ya kuandikia nota. Wengi wetu watunzi wa kwaya tulilelewa na Finale, programu nyingine ya aina hiyo, na watengenezaji wake walipotangaza Agosti 2024 kwamba hawataiendeleza tena, nilihamisha maktaba yangu mapema.

6 Septemba

Kurekodi kumekamilika. Mpiga ndono alikaa katikati ya chumba, maikrofoni moja karibu na kibuyu na nyingine juu ya bega. Waimbaji wanne wa kwaya yangu ya zamani walivumisha bila maneno, vinywa vikiwa vimefungwa, chini kabisa ya uwezo wa sauti zao.

15 Septemba

Kipande kilichonifurahisha kuliko vyote katika mradi huu hakitatambuliwa na yeyote kuwa ni kazi yangu. Katika tukio la soko la Mwaloni, kijana anayeshona magunia amewasha spika yake, na wimbo maarufu unasikika vizuri kwa zaidi ya nusu dakika. Kwa kuwa wimbo huo umo ndani ya picha, wengi hudhani hauhitaji ruhusa. Unahitaji, tena ruhusa mbili: ya waliotunga na ya wanaomiliki rekodi, na bajeti yetu haiwezi kubeba hata moja. Bahati njema, mnasa sauti alikuwa pia amenasa kelele za soko kutoka upande mwingine, mbali na spika.

Basi nimetunga wimbo mpya wa bongo fleva wenye mwendo ule ule, ili kichwa cha yule kijana kinachotikisika kiendelee kulingana na mdundo, nikamtafuta kijana wa Kirumba aimbe. Maneno yake yanazungumzia mtu anayesubiri lori. Kisha niliuchezesha kupitia spika ndogo ya aina hiyo hiyo, nikaiweka juu ya magunia, nikarekodi kutoka hatua kadhaa, watu wakipita katikati. Wimbo uliotoka studio moja kwa moja ungesikika kama uliobandikwa. Huu uliopitia spika ndogo, magunia na miili ya watu umepoteza besi yake na umepata vumbi la soko.

24 Septemba

Leo ni siku ya karatasi, na ninaiandika kwa kirefu kwa sababu vijana wengi huiruka, kisha wakalalamika miaka baadaye.

Mkataba wangu na mtayarishaji unasema kwamba ninalipwa kwa mkupuo kwa kazi ya kutunga na kurekodi, na kwamba filamu inaruhusiwa kuutumia muziki huu milele ndani ya filamu hii na vitangulizi (trela) vyake. Hakimiliki ya utunzi inabaki kwangu. Rasimu ya kwanza ilisema kila kitu kinahamia kwa mtayarishaji. Nilieleza kwamba bei ya kuuza haki zote si bei tuliyokubaliana, naye akaibadilisha bila ugomvi. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inamlinda mtunzi katika maisha yake yote na miaka 50 baada ya kifo chake. Mwenye kusaini bila kusoma anaweza kuwa anauza kitu cha wajukuu wake.

Neno hakishiriki katika jina la sheria hiyo linawahusu wengine pia. Mpiga ndono, waimbaji wanne na yule kijana wa Kirumba wana haki juu ya uchezaji na uimbaji wao. Kila mmoja amesaini karatasi ya Kiswahili inayotaja alicholipwa, kinachoruhusiwa na kisichoruhusiwa. Wavuvi walioshiriki katika rekodi za usiku nao wamesaini na wamelipwa, kwa maana hesabu ya kiongozi wao ndiyo inayofungua filamu, na ningeona aibu kuiita sauti ya mazingira.

Nimeandaa pia jedwali la muziki: kila kipande, kinapoanza na kuisha, jina la mtunzi, na kama kinasikika ndani ya picha au juu yake. Jedwali hili ndilo vituo na mashirika ya kukusanya mirabaha hulitumia kujua nani alipwe. Tanzania ni mwanachama wa Mkataba wa Berne tangu mwaka 1994, kwa hiyo kazi yangu inalindwa hata filamu ikionyeshwa katika nchi nyingine wanachama, lakini bila jedwali lililojazwa sawasawa fedha hizo hazina njia ya kunifikia.

5 Oktoba

Tumemaliza kuchanganya sauti. Muziki wote ni chini ya dakika 20 katika filamu ya dakika 52, na fundi sauti aliponiuliza kama nimeridhika na kiasi hicho nilimjibu kwamba ningeweza kuondoa hata kipande kimoja zaidi. Tukakiondoa. Kilikuwa kipande cha njuga na sauti za kuvumisha wakati jua linapochomoza juu ya vichanja, kizuri kukisikiliza peke yake, lakini kilimharakisha mtazamaji kuona uzuri wa mandhari wakati mama yule anatazama mawingu kwa hofu ya mvua.

Kabla ya kukabidhi, mwongozaji nami tulikwenda Igombe na kumwonyesha mwenye daftari tukio lake. Alitazama, akaomba kurudiwa, kisha akauliza kama kiasi alichokitaja kinasikika wazi. Tulimwambia kinasikika. Akasema hapendi wakopaji wake wakijue. Ombi lake ni la haki, na mhariri ameifungua picha kwa ajili hiyo tu: neno lile la kiasi limeondolewa, fremu 31 zimekatwa, na nimesogeza mwanzo wa ndono ili uendelee kuangukia jalada la daftari linapofungwa. Idadi hiyo ya fremu imeongezwa katika maandishi ya shukrani mwishoni, hivyo dakika 52 zimebaki kamili.

Nimekabidhi muziki katika matabaka manne, yaani ngoma, nyuzi, sauti za watu na karabai, pamoja na toleo lisilo na usemi kwa ajili ya lugha nyingine, mchanganyiko kamili ukiwa katika kiwango cha ukubwa wa sauti cha LUFS −23 kinachotakiwa na vituo vinavyofuata pendekezo la R 128 la Umoja wa Utangazaji wa Ulaya. Kinachobaki ni kitangulizi cha sekunde 90, ambacho mtayarishaji anataka kiwe na mdundo kuanzia mwanzo hadi mwisho. Nimemwomba nianze na dagaa wanaomwagika mtumbwini, na wiki ijayo nitampelekea majaribio. Jumatano ninapeleka nakala za utunzi COSOTA, yaani Ofisi ya Hakimiliki Tanzania, kwa usajili.